Uji Ulionivua Jezi

Kama wiki jana gazeti lilikupita, nakudokeza kidogo tusije tukapotezana njiani. Mimi ni Murielle, mzaliwa wa Uvira, mkazi wa Joubert Park hapa Johannesburg, na kazi niliyoipenda kuliko zote ni raga. Siyo ile ya watu kumi na tano mnayoiona kwenye televisheni. Yetu ni ya kumi na tatu kila upande, inaitwa raga ligi, na kwa sisi wanawake wa mji huu ilikuwa haijamlipa mtu hata nauli.

Mpaka ilipofika Mei ya 2018. Klabu moja ya Australia ilituma watu wake, tukacheza mechi ya majaribio, wakanichagua mimi. Mkataba! Mshahara! Mimi, msusi wa nywele! Halafu baada ya mechi mama mmoja mwenye glavu akanifuata mpaka chooni, akasimama ananitazama nikikojoa kwenye kikopo. Nilicheka sana. Nilidhani ni taratibu zao tu za kizungu.

Hadithi yetu iliishia pale kocha aliponipigia simu: "Murielle, njoo. Usije na mtu."

Nikaenda mbio.

Ofisi ya kocha Mmabatho ilikuwa kontena pembeni ya uwanja. Mama huyu kila akiniona hunikumbatia mpaka mbavu zinalia. Siku ile hakunipa hata mkono.

"Kaa."

"Nitasimama tu, kocha."

"Murielle, kaa chini."

Nikakaa.

"Mkojo wako umekutwa na dawa."

"Dawa gani?"

"Deksamethasoni. Ni steroidi. Inaua maumivu, inaondoa uchovu. Siku ya mechi ni marufuku kuimeza."

"Sijaimeza! Kocha, hata dawa ya kichwa sijameza! Mungu ni shahidi yangu!"

"Kila mchezaji husema hivyo."

"Mimi siyo kila mchezaji!"

"Najua," alisema, na sauti yake ikawa imechoka. "Ndiyo maana sijalala. Sikiliza. Kuanzia leo umesimamishwa. Hata mazoezi na wenzako huruhusiwi. Kamati itakusikiliza wiki ijayo. Ukieleza dawa iliingiaje mwilini mwako, na ukaleta mtu wa kuthibitisha kwamba hukujua, unaweza kupona. Waaustralia watasubiri siku hiyo tu, hawatasubiri zaidi."

"Na nikishindwa?"

"Miaka miwili."

Mwaka ule nilikuwa nimetimiza ishirini na tisa. Nacheza mstari wa mbele, ninapogongana na wanawake wenye mapaja ya kubebea magunia. Miaka miwili nje, ndugu zangu, hapo ni kuzikwa.

"Niachie jezi," kocha akasema.

Nilikuwa nimeivaa chini ya sweta. Tangu nichaguliwe nilikuwa naivaa kila siku, ushamba wangu huo. Nikaivua palepale mbele yake, nikaikunja, nikaiweka mezani. Nikatoka na sweta tupu kifuani, baridi ya Mei inanila, nalia barabarani mpaka robot, yaani taa ya barabarani, likawa kijani na magari yakanipigia honi.

Nyumbani nilimkuta yaya Marthe. Huyu ni dada yangu mkubwa, na kwetu dada mkubwa tunamwita yaya. Wazazi walipofariki nilikuwa bado nanyonya vidole. Yeye ndiye aliyenibeba mgongoni kuvuka mipaka yote ile mpaka huku, na yeye ndiye aliyefungua saluni pale kona ya bustani, akanifundisha kusuka. Sina mama mwingine.

Nilipomweleza, alishika kichwa, akapiga kelele kwa Kiswahili chetu cha Kongo, ambacho "wa" huwa "ba".

"Yesu wangu! Bamekutilia dawa, Muri! Batu babaya! Nani unakunywa naye chupa moja ya maji?"

"Refilwe."

"Huyo Refilwe anacheza wapi?"

"Mstari wa mbele, kama mimi."

"Haya. Wewe ukizuiwa, ku Australia ataenda nani?"

Refilwe ndiye aliyekuwa chaguo la pili. Kocha mwenyewe alikuwa ametutangazia.

Damu ikanipanda kichwani. Hilo ndilo gonjwa langu, damu yangu haina breki. Sikunywa hata maji. Nikatoka hivyohivyo mpaka mtaa wa Alexandra, anakokaa Refilwe.

Refilwe alikuwa anaanika nguo uani kwao, mama yake amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, anamenya viazi. Sikusalimia.

"Umenitilia dawa!"

"Nini?"

"Kwenye maji yangu! Unataka nafasi yangu, si ungesema? Mchawi mkubwa wewe!"

Majirani wakatoka. Refilwe alitabasamu kwanza, akidhani natania, kwa sababu mimi na yeye tulikuwa watu wa utani. Alipoona sitanii, akaliweka chini shati alilolishika.

"Eish, Murielle. Unakuja mpaka kwetu, mbele ya mama yangu, uniite mchawi? Mwaka 2008 watu walipokuwa wanawasaka wageni humu, mama huyu aliwaficha Wakongo chumbani mwake. Muulize! Leo unamwambia amezaa mchawi?"

Mama mtu aliendelea kumenya viazi, na mimi nikaanza kuona aibu kabla hata hasira haijaisha.

"Basi nani?" nikapiga kelele. "Dawa imeingiaje mwilini mwangu?"

"Mimi nitajuaje? Nani anakupikia?"

"Dada yangu."

"Basi kaulize huko. Tazama uso wako. Tangu Pasaka mashavu yanavimba kila wiki. Sisi kwenye kambi ya mazoezi tulikuwa tunasema una mimba. Na unavyokula siku hizi! Unamaliza sahani yako, unamaliza na yangu." Akaliokota shati lake. "Toka hapa. Na usirudi."

Nikatoka. Watoto wa mtaani wakanizomea mpaka barabarani, na sikuweza kuwalaumu.

Njia nzima nilikuwa najishika mashavu. Saluni yetu ina vioo kila upande, uso huo nilikuwa nauona kutwa, na kila mteja alikuwa ananisifia: "Murielle umenawiri! Murielle raha zinakupenda!" Nami nilikuwa naitikia asante. Nilidhani ni furaha ya uchumba. Sikuwa nimewaambia kwamba nilikuwa nimeposwa? Basi nilikuwa nimeposwa na Firmin, mlinzi wa majumba ya kupanga kule mtaa wa Observatory, kijana wa Bukavu, mpole, mwenye meno mazuri. Mashangazi wake walikuwa wameshakuja mara moja kuniona, na walikuwa waje tena kuzungumza mahari.

Nilipoingia saluni, yaya alikuwa anamsuka mteja mmoja wa Burundi. Aliponiona akauliza, "Alikubali huyo mchawi?"

Kabla sijajibu, mlango ukafunguliwa. Akaingia mama Clémentine, muuza vitenge, jirani yetu, mwembamba na mwenye sauti ya kengele.

"Marthe, leo sina mzaha tena! Nipe na mimi zile deksa ulizompa mdogo wako. Tazama alivyonona, mashallah, kama siyo yeye! Harusi ya binti yangu imekaribia, sitaki kusimama pale mbele nimekauka."

Yaya Marthe hakuinua macho. Alimaliza msuko mmoja, akaanza mwingine.

"Zipi, yaya?" nikauliza.

"Clémentine, kwenda. Urudi kesho."

"Asiende! Zipi?"

Mama Clémentine wa watu, hajui kitu, akanigeukia mimi. "Jamani, si zile za kunenepesha? Za kusaga kwenye uji?"

Niwaeleze ninyi mlio mbali. Kwetu kuna vidonge mwanamke huvimeza akitaka mashavu na makalio kabla ya harusi. Vinauzwa kwenye masaluni, vimefungwa kwenye vikaratasi, hakuna anayevihesabu kuwa dawa. Ni urembo, sawa na krimu au nywele za bandia. Jina lake la mtaani ni deksa. Nami nilikuwa nalijua jina hilo tangu utoto! Lakini kocha aliponitajia lile jina refu la kitabibu, haikunipitia kichwani hata kidogo kwamba ni kitu kilekile. Mjinga mimi!

"Ulinisagia kwenye uji?"

"Muri, teremsha sauti."

"Kila asubuhi?"

"Kidogo tu. Na sukari."

"Na siku ya mechi?"

Yaya akaanza kulia. "Siku ya mechi niliongeza. Ju nilijua utachoka."

Jamani! Yule mteja wa Burundi, kichwa nusu kimesukwa, nusu kimesimama, akachukua mkoba wake na kutoka bila kuaga, na mama Clémentine akamfuata.

"Kwa nini, yaya? Nilikukosea nini?"

"Hukunikosea! Bashangazi ya Firmin balisema uko sawa na askari. Balisema shingo ya mwanaume, mikono ya mwanaume, mahari tunamtolea nani? Mimi nilikaa pale nikameza. Mimi ndiye nilikulea. Nikifa leo, mama yetu ataniuliza nini kule? Ataniuliza kama uliolewa. Hataniuliza juu ya mpira!"

"Nilikuwa na mkataba, yaya! Ningekupeleka hata wewe!"

"Nani alinieleza kama vidonge vya mashavu vinakatazwa ku mpira? Ungenieleza!"

Nikakisukuma kiti kilichokuwa mbele yangu.

"Hata Firmin alijua," akaongeza, pole pole. "Alifurahi."

Nikampigia palepale.

"Firmin, ulijua yaya ananiwekea deksa kwenye uji?"

"Chérie, kwani hukupendeza? Mashangazi walipoona picha zako za juzi walishangilia."

"Nimefungiwa mpira, Firmin! Nimepoteza Australia!"

"Basi ni mapenzi ya Mungu. Mpira ungeuacha tu tukishaoana, si ndiyo?"

Nikakata simu. Sikumpigia tena, wala pete yake sikumrudishia. Niliitupa kwenye ndoo ya maji ya kuoshea nywele, nikaimwaga na maji yake.

Jioni ile mimi na yaya tulikaa jikoni bila kupika. Watoto wake wawili walikuwa chumbani wanabishana kwa Kizulu, na yeye alikuwa anatazama mikono yake.

"Utakuja kamatini?" nikamuuliza. "Useme ulivyosema leo. Kwamba ulinisagia, kwamba sikujua. Hilo tu. Bila wewe nimekwisha."

"Na bakinikamata? Kuuza zile vidonge bila kibali ni kosa. Mimi niko na karatasi ya ukimbizi tu. Bakininyang'anya, batoto banaenda wapi? Babo hapa ndio kwao."

"Sijui, yaya."

Akanishika shavu, shavu hilohilo alilolivimbisha yeye.

"Nitasema," akasema. "Nimekuharibia, nitatengeneza."

Nilimbusu mikono. Nilimpigia kocha Mmabatho usiku uleule, akapiga kelele za furaha kwenye simu. "Mlete! Mlete kama alivyo! Ukiwa naye huyo, unacheza!"

Siku ya kamati ikafika. Yaya alivaa kitenge chake cha kanisani, mimi nikavaa suruali na koti la kuazima. Mlangoni kwenye jengo lile alisimama mlinzi, sare ya buluu, rungu kiunoni, pingu zinaning'inia. Mlinzi wa kawaida tu, kama Firmin. Alitusalimu "sharp, ladies" akatufungulia mlango. Lakini yaya akasimama kizingitini.

"Yule ni polisi," akaninong'oneza.

"Siyo polisi, yaya. Ni mlinzi wa jengo."

"Ana pingu, Muri."

"Hapa walinzi wote wana pingu. Twende."

Ningejua kilichokuwa kinapita kichwani mwake, ningemrudisha nyumbani muda uleule.

Ndani walikuwa watatu mezani. Mwenyekiti alikuwa mama wa makamo, nywele fupi, haongei mara mbili. Kwa ajili ya yaya walikuwa wamemleta mkalimani, Ameir, mzee wa Unguja, mwenye adabu. Aliapishwa mbele yetu kwamba atatafsiri kila neno, bila kuongeza, bila kupunguza. Kocha Mmabatho alikaa nyuma yangu, akaniwekea mkono begani.

Nikaeleza yangu yote kwa Kiingereza. Uji, mashavu, saluni. Mwenyekiti aliandika, akaitikia kwa kichwa, na kwa mara ya kwanza tangu simu ile ya kocha nikavuta pumzi mpaka chini.

Kisha akamgeukia yaya. "Mama, uliweka vidonge hivi kwenye chakula cha mdogo wako bila yeye kujua?"

Ameir akatafsiri.

Yaya alitazama mlango. Akanitazama mimi. Akatazama tena mlango.

"Hapana," akasema. "Sikumtilia kwa kificho. Aliniomba yeye mwenyewe. Alikuwa anataka kunenepa ju ya harusi. Alijua yote."

Ndugu zangu, kati ya Kiswahili cha yaya na Kiingereza cha Ameir palikuwa na pengo dogo. Katika pengo lile, chumba kizima, ukimtoa yaya mwenyewe, ni mimi na Ameir tu tuliojua kwamba nimekufa. Wengine walikuwa bado wanatabasamu.

Kisha Ameir akatafsiri, neno kwa neno. Mkono wa kocha ukaondoka begani mwangu.

Mwenyekiti akavua miwani. "Murielle, umetuambia hukujua. Dada yako anasema ulijua. Mmoja wenu anadanganya. Nani?"

Hapo sasa.

Neno moja tu lilikuwa linatosha: yeye. Ningelisema, ningerudi uwanjani. Na yaya angebaki pale kitini, mwanamke aliyemlisha mtu dawa kwa siri, na bado wangemuuliza alizitoa wapi, anamuuzia nani, na karatasi zake ziko wapi.

Nilimchukia. Nasema kweli, nilimchukia mpaka meno yaliniuma. Nikafungua mdomo niseme "yeye".

Yaya akainama juu ya meza, machozi yanamtiririka, akaninong'oneza kwa Kiswahili:

"Kubali, Muri. Minakuomba. Ukikataa, batanichukua, na batoto babaki barabarani. Nilikulisha kwa kificho, ni mimi, Mungu anajua. Lakini kubali tu."

Mwenyekiti aligonga meza kwa kalamu. "Huyo mama amesema nini sasa hivi?"

Sijui nguvu ile ilitoka wapi. Nikamwahi Ameir.

"Amesema ananiombea," nikajibu kwa Kiingereza. "Na ni kweli alivyosema mwanzo. Nilimwomba mwenyewe. Nilijua."

Nyuma yangu nikasikia kocha Mmabatho akisema, "Hapana, hapana, hapana." Yaya akafunika uso kwa kitenge.

Lakini mwenyekiti hakuandika. Alikuwa ananitazama kama mtu anayesikia mlango ukigongwa nyumba ya pili, akahamishia macho kwa mkalimani.

"Sikumuuliza yeye. Bwana Ameir, wewe umekula kiapo. Yale maneno yalikuwa marefu mno kwa sala. Huyu mama amesema nini?"

Ameir akamtazama yaya, akanitazama mimi. Nikamtikisia kichwa. Maisha yangu yote nimekuwa nikimwomba Mungu nishinde, na dakika ile nilikuwa namwomba mzee huyu wa watu avunje kiapo chake, nifungiwe, nirudi nyumbani na dada yangu.

Ameir akajipangusa midomo kwa leso, akasimama.

"Mheshimiwa mwenyekiti," akaanza, "huyu mama amesema…"

Yaliyobaki, wiki ijayo.